Isale la Mara ya Saba

Elisifa alikubali kuingia kwenye sinema kwa sababu alidhani ni mchezo, na kwa mchezo hakuwahi kumwambia mtu hapana tangu abatizwe.

Aliyemtaka alikuwa Rukaiya, binti wa Mwanajuma wa Majengo. Mwanajuma alinunua ndizi kwa Elisifa miaka ishirini, kwa hiyo huyo binti alikua akimwona bibi wa mlimani akishusha mkungu mlangoni kwao na kuwatania wanaume wa nyumba ile mmoja mmoja. Sasa binti mwenyewe alikuwa mtu mzima, amepanga chumba Njoro, anatengeneza sinema fupi. Si zile za watu kupigana makofi sebuleni. Zake zilikuwa sinema zinazojiuliza sinema ni kitu gani. Moja aliwahi kumwonyesha Elisifa kwenye simu: kamera imewekwa mbele ya kioo, inajitazama, dakika tisa. Elisifa alivumilia mpaka mwisho akisubiri mtu atokee. Hakutokea mtu.

"Mwanangu," akauliza, "hii imekwisha au bado haijaanza?"

Rukaiya akafurahi mno, akasema hajawahi kuulizwa swali zuri kama hilo. Elisifa akaona kwamba huyu mtoto anaumwa, ila ugonjwa wenyewe si wa kuambukiza.

Sinema hii mpya ilikuwa hivi: wanawake wawili wazee, majirani, mmoja amemkosea mwenzake, anampelekea isale kuomba msamaha. Basi. Tendo hilo moja, lirudiwe na kurudiwa mbele ya kamera, watazamaji wajiulize ni wapi linaigizwa na ni wapi linatendeka.

Ajuaye mlimani anajua isale si jani la kuchezea. Ndilo lipandwalo mpakani kati ya kihamba na kihamba, yale mashamba ya migomba ya ukoo, ndilo lisimamalo kwenye makaburi ya wazee, na aliyekukosea akija nalo mkononi huna ujanja: unalipokea, unamsamehe. Isale halikataliwi. Waliolikataa zamani, hadithi zao zinasimuliwa kwa sauti ya chini. Walutheri wanasema wao hawaamini tena mambo hayo. Wanayasema hayo wakiwa ndani ya kanisa.

Rukaiya, mtoto wa mjini, alikuja na jani la plastiki alilonunua kwenye duka la mapambo. Elisifa alicheka mpaka akashika mti wa kahawa.

"Isale la plastiki! Na huo msamaha wake tutaufua kwa sabuni gani?" Akachukua kisu, akaenda mpakani, akakata la kweli, bichi, lenye ncha iliyosimama. Hilo ndilo lilikuwa kosa lake la kwanza.

La pili ni kwamba hakuuliza mwenzake ni nani. Alidhani Rukaiya atapandisha mwigizaji kutoka mjini. Ile Jumatano asubuhi, kamera imeshasimama kwenye miguu yake mitatu, akasikia ua unasukumwa. Kwenye upenyo wa masale akatokea Magdalena, jirani yake, amevaa kitenge cha kanisani, kigoda mkononi.

"Huyu ndiye mwenzako, bibi," Rukaiya akasema kwa furaha. "Nilipita tu hapo ng'ambo, nikamwomba, akakubali."

Elisifa na Magdalena walikuwa hawajasalimiana miaka kumi na moja.

Kisa chao kila mtu alikijua isipokuwa Rukaiya. Magdalena alikuwa na binti mmoja, Priska. Siku wakwe watarajiwa walipokuja kupanga harusi, Elisifa alikuwa jikoni na wanawake wengine, na mdomo wake ukamwasha. Akajifunga kanga kiunoni, akachukua kibuyu, akaanza kumwigiza mama wa bwana harusi: anavyotembea ametanguliza nyonga, anavyoshika leso kwa vidole viwili, anavyoongelea puani. Aliigiza vizuri, wanawake walilia kwa kucheka. Kisha wakanyamaza wote kwa pamoja. Elisifa alipogeuka, mwenye nyonga alikuwa amesimama mlangoni.

Wakwe walirudisha vitu vyao kwenye gari. Yule kijana hakupiga simu tena. Priska akaenda Arusha, na tangu hapo hata Krismasi, ambapo Mchagga aliyeko mwisho wa dunia hupanda mlimani kula na wenzake, yeye hakupanda. Magdalena alikuwa akila Krismasi peke yake, na Elisifa aliona moshi wa jiko lake kupitia ua.

Je, aliomba radhi? Hakuomba. Kila alipoulizwa alijibu jambo moja: "Nilikuwa naigiza tu. Tangu lini kuigiza ikawa dhambi?"

Pale penye kamera, Elisifa alitaka kuondoka. Lakini akimtazama Magdalena aliona naye anataka kuondoka, na hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza. Kiburi ndicho kilichowaketisha.

"Haya!" Rukaiya akasema.

Elisifa akatoka kwenye mti wa kahawa, akatembea mpaka kwenye kigoda, akanyoosha isale kwa mikono miwili. Akasema maneno aliyopewa: "Jirani, nimekukosea. Nimekuja na isale, nipokee." Magdalena akalipokea, akainamisha kichwa.

"Kata!"

Mara ya kwanza Elisifa alikuwa akibana kicheko. Mara ya pili kuku alikatiza. Ya tatu wingu likafunika jua. Ya nne alikwenda mbio mno. Ya tano na ya sita walifanya kwa adabu kama watu wanaopitisha kapu la sadaka.

"Sasa mnaigiza vizuri mno," Rukaiya akalalamika. "Naombeni msiigize."

"Tufanye nini?" Elisifa akauliza.

"Msifanye kitu. Fanyeni tu."

Wazee wale wawili wakatazamana bila kupenda, kwa nukta moja tu, kama watu waliojikuta wote wawili mikononi mwa mwendawazimu mmoja.

Mara ya saba goti lilikuwa linamuuma Elisifa. Alitembea taratibu, akafika, akanyoosha isale, akasema. Magdalena naye akanyoosha mkono. Vidole vyake vikagusa ncha ya jani. Vikasimama. Kisha mkono ukarudi pajani.

Rukaiya hakusema kata. Elisifa akabaki mikono hewani kama mtu anayepimwa gauni. Kamera inamtazama, Magdalena anatazama chini, na jani lile bichi linatikisika. Akagundua baadaye kwamba hapakuwa na upepo.

"Kata," Rukaiya akanong'ona mwishowe, machozi yanamlengalenga. "Jamani, nzuri sana."

Magdalena akachukua kigoda chake, akapita kwenye upenyo wa ua, akaenda zake bila kuaga.

Isale la kurekodia ungelitupa wapi? Elisifa alitaka kulitupa kwenye lundo la samadi, mkono ukagoma. Akaliweka kwenye kopo la maji nyuma ya mlango. Jioni ile ng'ombe alitoa maziwa nusu. Asubuhi ya Alhamisi akapiga teke ndoo. Elisifa akajiambia ng'ombe ana siku zake kama mtu yeyote. Akasali pia, kwa tahadhari: "Bwana, ile ilikuwa sinema. Wewe uonaye yote, bila shaka sinema unazijua."

Lakini moyo ulikuwa ukirudi palepale. Kama Rukaiya ndiye aliyemwambia Magdalena akatae, basi ni kazi, yamekwisha. Kama hakumwambia, Magdalena alikataa kwa mkono wake mwenyewe, na Elisifa alikuwa mtu aliyepeleka isale likarudishwa. Mtu wa namna hiyo mlimani hakuwahi kumwona, aliwasikia tu. Na Jumamosi, mchungaji Ebenezeri ameshatoa ukumbi wa usharika, sinema itaonyeshwa kwa watu wote, na hata watoto watajua.

Akavaa viatu vya safari, akateremka Njoro.

Chumba cha Rukaiya kilikuwa na godoro, kompyuta, na pazia zito lililoshonwa na baba yake, fundi Hafidhi, kuzuia jua.

"Shikamoo bibi! Mbona bila ndizi?"

"Marahaba. Leo nimekuja na swali. Ulimwambia akatae?"

Rukaiya akatabasamu kama mtu aliyeletewa zawadi. "Bibi, hilo ndilo swali la sinema yenyewe. Nikikujibu nitakuwa nimeiua."

"Iue."

"Bibi!"

"Iue mwanangu, nitakusaidia kuizika. Jana usiku kucha sikulala."

Rukaiya akacheka, kisha akamtazama vizuri, akaacha kucheka. Akavuta kiti. Akawasha kompyuta, na hapo kwenye kioo wakatokea akina Elisifa saba na akina Magdalena saba, wamepangwa safu kama picha za wahitimu.

Elisifa alijitazama. Sita zile aliziona zilivyo, bibi kichekesho wa siku zote. Ya saba hakumtambua aliyemwona. Yule mwanamke alitembea kama amebeba maji yaliyojaa mpaka ukingoni. Na maneno hayakuwa yale.

"Rudisha," akasema. "Nimesema nini hapo?"

Rukaiya akarudisha. Sauti ya Elisifa ikatoka, ndogo, imekwaruza: "Mama Priska, nimekukosea. Nimekuja na isale, nipokee."

"Uliniambia niseme jirani."

"Nilikuambia jirani. Sita ulisema jirani."

Elisifa akakitazama kioo. Jina lile hakulitamka miaka kumi na moja, na lilikuwa limemtoka bila kupiga hodi.

"Itoe hiyo," akasema. "Weka ya tano, ambapo anapokea."

"Naweza kufanya zaidi ya hapo, bibi. Ona." Rukaiya akabonyeza hapa na pale. Akauchukua mkono wa mara ya tano akauunga kwenye mara ya saba. Na kweli: Elisifa akaja na uso ule wa maji ukingoni, akasema Mama Priska, na mkono wa Magdalena ukapokea, kichwa kikainama. Kisha Rukaiya, kwa utundu, akaicheza kinyumenyume, na hapo Magdalena ndiye aliyekuwa akimkabidhi isale Elisifa, naye Elisifa akilichukua na kurudi nyuma mpaka kwenye mti wa kahawa, ameshinda.

Hapo ndipo angepaswa kufurahi. Badala yake akakisogelea kioo kutafuta mshono. Ilikuwa safi, hapakuonekana palipoungwa. Kumbe msamaha unaweza kuungwa kama gauni! Angeweza kukaa mbele ukumbini Jumamosi, watu wote wamwone amesamehewa, na yeye peke yake ajue kwamba mkono ule haukuwa wa mara ya saba.

"Irudishe ilivyokuwa," akasema.

"Kweli?"

"Irudishe. Na unijibu sasa, si kwa ajili ya sinema."

Rukaiya akafunga kompyuta. "Sikumwambia kitu, bibi. Hata mimi nilishtuka. Ndiyo maana nilichelewa kusema kata."

Elisifa alipanda mlima jioni ile hana utani hata mmoja kinywani, na majirani waliomsalimu njiani walidhani amefiwa.

Ijumaa asubuhi alitoa isale kwenye kopo. Ncha ilikuwa imeanza kukauka. Akapita kwenye upenyo wa ua, mahali ambapo hakupita tangu ile siku ya wakwe. Magdalena alikuwa uani anamenya ndizi, maji ya ndizi yamevitia vidole vyake weusi.

Elisifa akasimama. Akasubiri. Akagundua kwamba anasubiri mtu aseme haya.

"Umekuja na yule mtoto na kamera yake?" Magdalena akauliza bila kuinua macho.

"Nimekuja peke yangu."

"Basi mbona umesimama kama nguzo ya umeme?"

"Sijui pa kuanzia."

Magdalena akamenya ndizi moja yote, taratibu. "Juzi ulikuwa unajua. Mara sita ulijua."

"Ya saba ukakataa."

"Ya saba ukaniita jina langu." Sasa akainua macho, naye akamwita kwa jina la mwanawe. "Hizo sita ulikuwa unaniletea jani, Mama Anaeli. Kupokea jani kuna kazi gani? Ng'ombe wangu anapokea majani kila siku. Ile ya saba nikaona, he, huyu ananiomba kweli. Nikaogopa. Nilipokee pale, kwenye mchezo wa watoto, yule binti ananichungulia kwa kioo? Tena nilipokee kwa niaba ya nani? Aliyekosewa si mimi peke yangu."

"Najua."

"Unajua nini? Sema unachojua. Juzi ulisema nimekukosea, nimekukosea. Umenikosea nini? Umenivunjia sufuria?"

Elisifa alikuwa mwepesi wa maneno maisha yake yote. Sasa alijisikia kama mtoto wa darasa la kwanza aliyeitwa ubaoni. "Nilimwigiza yule mama," akasema. "Niliona watu wanacheka, nikaongeza. Nilimwona... Nilisikia hatua zake mlangoni, Mama Priska. Nilizisikia. Kabla hawajanyamaza ningeweza kuacha. Nikamalizia ya leso, kwa sababu ya leso ndiyo ilikuwa nzuri kuliko zote."

Hilo hakuwahi kumwambia mtu. Hata kwa Mungu alilisema kwa mafumbo.

Magdalena akaacha kumenya. Kisha akafuta vidole kwenye kanga, akatoa simu, akaibonyeza kwa kidole kimoja, akaielekeza usoni mwa Elisifa. Kwenye kioo akatokea mwanamke mnene, kofia ya kazini kichwani, nyuma yake mashuka yananing'inia.

"Mae," akamwita mama yake kwa lugha ya mlimani, "niko kazini, kuna nini?" Kisha Priska akaona ni uso wa nani. Akanyamaza.

"Mwambie," Magdalena akasema.

Elisifa akanyoosha isale mbele ya ile simu kwa mikono miwili, akasema yote: jikoni, kibuyu, nyonga, hatua mlangoni, leso. Alipomaliza alikuwa anahema.

Priska alikuwa ameganda, mdomo wazi. Kisha picha ikacheza, ikaganda tena. "Mama Anaeli," sauti ikaja vipandevipande, "mtandao umekatika. Nimekuona unachezesha mdomo tu. Rudia."

Elisifa akamtazama Magdalena. Magdalena akatazama ndizi.

Akarudia. Ilikuwa vigumu zaidi, maana mara hii alijua maneno yanakokwenda. Alipofika kwenye leso sauti ilimtoka kama ya mtu mwingine. Simu ikaganda tena, uso wa Priska umeinama nusu, jicho moja limefumba. Huwezi kujua kama ni kilio, hasira, au ni mtandao wenyewe. Wazee wawili wakainamia kioo, vichwa karibu vinagusana. Elisifa akahesabu pumzi zake. Zikafika kumi na tano. Picha haikusogea.

Kisha sauti ikaja bila picha. "Nimesikia."

Magdalena akaisogeza simu karibu zaidi.

"Mae, mpokelee wewe. Mkono wangu haufiki huko."

"Una uhakika, mwanangu?"

"Mpokelee. Lakini Mama Anaeli..."

"Naam, mama."

"Sijacheka bado."

"Najua."

"Siku nikicheka nitakuambia." Simu ikakatika, au aliikata, hawakujua.

Magdalena akanyoosha mkono wenye utomvu, akashika isale karibu na shina, akalichukua. Halikutikisika. Akaliweka pajani juu ya maganda ya ndizi, akalinyoosha ile ncha iliyokauka kwa kidole, na Elisifa akaketi chini kwenye majani makavu.

Kisha Magdalena akashtuka kama aliyeumwa na siafu.

"Yesu wangu! Na kesho?"

"Kesho nini?"

"Hiyo sinema! Usharika wote utaniona nakataa isale. Mimi, mzee wa kanisa! Mchungaji ameketi pale!" Akajishika kifua. "Haiwezi kutolewa?"

"Inaweza," Elisifa akasema. "Nimeona mwenyewe. Anaweza hata kukupa mkono mwingine."

"Mwambie basi anipe!"

"Nilimwambia aiache ilivyo."

"Mama Anaeli!"

Elisifa akamtazama jirani yake anavyohaha, akaona ile hofu iliyolala kwake siku tatu imehamia ng'ambo ya ua pamoja na mizigo yake yote. Akaona huruma. Kidogo.

"Nitasimama mbele ya watu niwaambie ulikuwa unaigiza," akasema.

"Watakuamini?"

"Mimi? Hata mmoja."

Magdalena akachukua kisu, akamenya ndizi kwa hasira mpaka nusu ya nyama ikaenda na ganda. "Basi utakaa na mimi," akasema mwishowe. "Benchi la mbele. Wakiona tumekaa pamoja hawataelewa kitu."

"Hapo utakuwa umemfurahisha Rukaiya," Elisifa akasema, akinyoosha mkono kuchukua kisu cha pili. "Yule mtoto hapendi watu waelewe upesi."